Mji unaoendeshwa kwa sauti utakuwa na kelele au utakuwa kimya? Uzi kuhusu vinu vya mvumo vya Rindima

Mkaazi wa Bangwe (Kigoma), mwanzisha uzi

Ndugu wanajukwaa, salaam.

Kwa wale tunaoandika hadithi za ulimwengu wa kubuni, naomba tuijadili kwa kina nishati ya sauti. Kila ninapoikuta katika simulizi, nakutana na picha ile ile: minara inayonguruma, waimbaji elfu moja wakiimba ili taa ziwake, na ngoma kubwa zikipigwa usiku kucha ili mashine zizunguke. Hoja yangu ni kwamba picha hiyo imepinduliwa. Mji unaoendeshwa kwa sauti, ikiwa mwandishi atazifuata sheria za sauti kwa uaminifu, utakuwa mji mtulivu kuliko miji yote, kwa sababu kila mvumo unaofika sikioni mwa mpita njia ni nguvu iliyotoroka kutoka bombani.

Tuanze na hesabu. Maongezi ya kawaida yana ukubwa wa desibeli 60 hivi, na kiwango hicho hubeba sehemu moja ya milioni ya wati katika kila mita ya mraba. Ukitaka kuwasha taa ndogo ya wati 5 kwa maongezi ya watu, itakubidi uikusanye sauti hiyo katika eneo la kilomita 5 za mraba bila kupoteza hata chembe. Ukipandisha hadi desibeli 120, ambapo masikio huanza kuuma, kila mita ya mraba itapitisha wati moja tu. Tunaiona sauti kuwa kubwa kwa sababu sikio ni kiungo chepesi mno: hunasa hata sehemu moja ya trilioni ya wati kwa mita ya mraba. Waimbaji elfu moja wanaweza kuliza kila mtu uwanjani, na nguvu yao yote isitoshe kuchemsha birika la chai.

Kwa hiyo katika ulimwengu wangu, unaoitwa Rindima, chanzo cha nishati ni joto. Sauti inafanya kazi ya ule mkanda wa mashine ya kusaga: unachukua nguvu kwenye injini na kuifikisha kwenye mawe, wenyewe hauzalishi chochote, lakini bila huo unga hautoki.

Jambo hili lina mizizi katika maarifa halisi. Mafundi wa vioo waligundua zamani kwamba chupa yenye shingo ndefu, ikiwa bado ya moto, huanza kuimba yenyewe. Mjerumani Carl Sondhauss alilichunguza suala hilo mwaka 1850. Mwaka 1859 Mholanzi Pieter Rijke aliweka wavu wa waya uliopashwa moto ndani ya bomba lililosimama wima na kuwa wazi juu na chini, na bomba likalia kwa nguvu. Mwaka 1878 Lord Rayleigh akaeleza sababu: hewa ikipewa joto wakati ule ule inapobanwa, na kunyang'anywa joto inapotanuka, mtetemo hukua badala ya kufa. Zaidi ya karne moja baadaye, mwaka 1999, watafiti Scott Backhaus na Gregory Swift wa maabara ya Los Alamos, Marekani, walionyesha injini ya namna hiyo, iliyojazwa heliamu iliyoshindiliwa, ambayo iligeuza asilimia 30 ya joto kuwa nguvu ya sauti. Injini hiyo haina pistoni wala gurudumu katika sehemu yake ya moto, na hakuna kinachosagika humo.

Kinu cha Rindima kinafuata sheria hizo. Tanuri liko chini, bomba nene la chuma liko juu yake, na katikati kuna kifurushi cha bati nyembamba zilizopangwa kwa karibu, upande mmoja ukiwa wa moto na mwingine ukipozwa kwa maji ya ziwa. Uongo nimeuruhusu mmoja tu, nao ni jiwe-mwangwi: jiwe linaloweza kumeza mvumo wa kimo kimoja (yaani wa idadi moja ya mitetemo kwa sekunde) na kuutunza, kisha kuurudisha linapoguswa na mvumo wa kimo hicho hicho. Mbegu ya wazo hilo pia ni ya kweli, kwani ndugu wawili Wafaransa, Jacques na Pierre Curie, walionyesha mwaka 1880 kwamba fuwele kama kwatsi hutoa chaji ya umeme zinapobanwa. Fuwele halisi haitunzi sauti. Hapo ndipo ubuni wangu unapoanzia, na nataka uishie hapo hapo.

Naomba mnijaribu. Palipo na udhaifu, pabomoeni.

Binti Ujiji

Kaka, nimesoma mpaka mwisho na nimevutiwa, ila nina pingamizi mbili.

La kwanza ni la akili. Kama ndani ya bomba kuna sauti ya kuendesha kiwanda, itakuwaje jirani asiisikie? Jenereta likiwashwa mtaa mzima hujua. Sisi wa Kigoma tuliishi miaka mingi kwa umeme wa majenereta ya dizeli kabla ya kuunganishwa na gridi ya taifa, na tunajua vizuri kwamba nguvu na kelele hutembea pamoja.

La pili ni la moyo. Umetaja waimbaji na ngoma kana kwamba ni makosa ya waandishi wasiojua hesabu. Mimi nadhani walikuwa wakitafuta kitu cha maana, yaani ulimwengu ambao pumzi ya mtu na mkono wake juu ya ngozi ya ngoma vina uzito. Ukiwaondoa kwa kikokotoo, Rindima itabakiwa na nini ambacho hatukipati kwenye kiwanda chochote?

Fundi wa Gungu

Dada, naomba nijibu la kwanza, kwa kuwa mabomba ndiyo kazi yangu.

Jenereta linapiga kelele kwa sababu moshi wake unatoka kwa mapigo hadi nje, na kwa sababu mwili wake mzima unatikisika. Kinu alichokieleza mkuu kimefungwa pande zote. Katika injini nzuri ya aina hiyo, shinikizo la hewa ndani hupanda na kushuka kwa kiasi cha sehemu moja ya kumi ya shinikizo la kawaida. Kwa hewa ya kawaida, hiyo ni zaidi ya desibeli 170, sauti ambayo mtu asingesalimika nayo kama angekuwa ndani. Lakini chuma ni kizito na kigumu kuliko hewa kwa kiasi kikubwa mno, na mawimbi ya hewani yakigonga ukuta wa chuma nene karibu yote hurudi ndani. Fundi aliyefunga maungio vizuri ataweka mkono juu ya bomba na kuhisi mtekenyo mdogo, basi.

Matokeo yake ni kwamba ukisikia kinu, kuna ungio limelegea au bomba limepasuka. Hapo nakubaliana na mkuu kabisa.

Ila nina swali langu. Nguvu hiyo inafikaje majumbani? Sauti ndani ya bomba hupungua kwa kusuguana na kuta. Nimepiga hesabu kwa hewa ya kawaida: bomba la kipenyo cha sentimita 20, likibeba mvumo wa mitetemo 50 kwa sekunde, linapoteza nusu ya nguvu yake katika mita 160 hivi. Huwezi kuutoa mvumo Bangwe ukaufikisha Mwanga kwa bomba la namna hiyo.

Mkaazi wa Bangwe

Swali la Fundi ndilo lililoufanya ulimwengu huu uwe na siasa, kwa hiyo nitakaa nalo kidogo. La dada Binti Ujiji la pili nitalirudia, kwa sababu ni zito na sitaki kulijibu kwa haraka.

Upotevu huo unategemea mambo mawili: kimo cha sauti na unene wa bomba. Sauti nzito hupotea polepole, na bomba pana lina kuta chache za kusuguana nazo ukilinganisha na hewa iliyomo. Ukitumia mtetemo wa mara 10 tu kwa sekunde, ambao uko chini ya uwezo wa sikio la binadamu, ndani ya bomba la kipenyo cha mita moja, unaweza kwenda kilomita moja na zaidi, karibu mbili, kabla ya kupoteza nusu. Lakini bomba la upana wa mita moja ni mradi wa mji mzima: linahitaji chuma, ardhi, na watu wa kulilinda.

Kwa hiyo Rindima haina gridi inayovuka nchi. Kila mtaa una kinu chake, na umbali wa sauti ndio mpaka wa mtaa. Mabomba mapana ya mvumo mzito yanatoka kwenye kinu hadi vituo vidogo, na kutoka hapo mabomba membamba ya mvumo wa juu yanaingia majumbani kwa umbali wa hatua chache. Anayekaa mwisho wa bomba anapata kilichobaki. Mfalme wa Rindima hawezi kuzima taa za mkoa wa mbali kwa kufunga koki moja, na kwa sababu hiyo hajawahi kuutawala mkoa huo vizuri. Jiwe-mwangwi pekee ndilo linalosafiri, likibebwa vichwani au kwa mitumbwi, na biashara yote ya masafa marefu ni biashara ya mawe yaliyojaa kwenda na mawe matupu kurudi.

Mvumo wenyewe unafanya kazi tatu. Unasukuma pistoni nyepesi zinazozungusha mashine. Unajaza mawe ya taa. Na unatengeneza baridi, kazi ambayo waandishi wengi huisahau ingawa kwangu ndiyo bora kuliko zote. Sauti nzito ikipitishwa kwenye kifurushi cha bati hubeba joto kutoka upande mmoja kwenda mwingine, hivyo upande mmoja ukapoa. Jokofu la namna hiyo lilijaribiwa angani katika chombo cha Discovery mwaka 1992. Fikirini maana yake kwa mji wa wavuvi. Hapa kwetu dagaa huanikwa juani, na mvua ikinyesha siku mfululizo mzigo huharibika. Migebuka nao wanahitaji barafu, la sivyo hawafiki mbali. Mwalo wa Rindima una nyumba ya baridi mwishoni mwa kila bomba kuu, na samaki wa jana anauzwa kesho kutwa. Nadhani ustawi wa mji mzima ungejengwa juu ya jambo hilo kabla ya taa hata moja kuwashwa.

Mnyanyembe (Tabora)

Hodi jukwaani.

Ndugu yangu wa Bangwe, umesema chanzo ni joto, kisha ukapita haraka. Sisi wa Tabora hatuwezi kupita hapo haraka. Joto hilo linatoka kwenye nini? Kama ni kuni, basi hadithi yako ina msitu unaoisha, na msomaji wa Urambo, Kaliua au Sikonge ataliona hilo kabla ya kuliona lile bomba. Tunayajua mabani ya kukaushia tumbaku na kiasi cha magogo yanachokula. Miombo ikikatwa, mfuga nyuki anakosa miti ya kutundika mizinga na nyuki wanakosa maua. Usituletee nishati safi inayotoka gizani.

Pili, mimi nakaa kwenye nyanda za mita 1,200 hivi juu ya usawa wa bahari, nanyi mko kando ya ziwa kwenye mita 770 hivi. Hewa yetu ni nyepesi kidogo kuliko yenu. Je, bomba lile lile likiletwa huku litavuma kwa kimo kingine? Maana kama ni hivyo, mawe yako yanayopokea kimo kimoja tu hayatauzika nje ya bonde lako.

Mwalimu Mstaafu, Kasulu

Salaam kwenu nyote. Nilifundisha fizikia kwa muda mrefu, na swali la pili la Mnyanyembe ni la kufurahisha kwa sababu jibu lake huwashangaza wanafunzi.

Mwinuko wenyewe haubadilishi kimo cha sauti. Hewa ikiwa nyepesi kwa sababu ya mwinuko, shinikizo lake nalo limepungua kwa uwiano ule ule, na mambo hayo mawili hufutana. Kinachobadilisha mwendo wa sauti hewani ni joto. Katika nyuzi 20 sauti hukimbia mita 343 kwa sekunde. Katika nyuzi 30 hukimbia mita 349. Bomba la Bangwe na bomba la Tabora, zikiwa katika joto moja, zitaimba sawasawa. Tofauti itakuwa katika nguvu: hewa nyepesi hubeba nguvu pungufu kwa kiasi hicho hicho cha mtikisiko, hivyo kinu cha nyandani kitakuwa dhaifu kwa asilimia chache, isipokuwa hewa yake ishindiliwe kwanza.

Lakini hilo la joto lina athari ambayo mwanzisha uzi hajaigusa. Bomba lililofungwa upande mmoja, lenye urefu wa mita 1.7, huvuma kwa mitetemo 50 hivi kwa sekunde alfajiri penye ubaridi. Jua likiwaka hadi nyuzi 30, mvumo wake utapanda kwa karibu mtetemo mmoja. Ni kidogo sana kwa sikio, lakini umesema jiwe lako ni la kimo kimoja. Basi mchana jiwe litakataa kula.

Mkaazi wa Bangwe

Shikamoo mwalimu. Nakushukuru, kwa sababu umenipa ratiba ya siku nzima ya mji wangu.

Mawe ya Rindima yatajazwa usiku na alfajiri, hewa ya mabombani inapotulia kwenye joto moja. Mchana vinu vitafanya kazi za pistoni na baridi, ambazo hazijali tofauti ya mtetemo mmoja. Sasa liunganisheni hilo na wavuvi. Katika Ziwa Tanganyika dagaa huvuliwa kwa taa, na usiku mzuri wa kuvua ni ule usio na mbalamwezi, kwa kuwa ndipo taa huwavuta samaki vizuri. Rindima inavua vivyo hivyo. Kwa hiyo mawe yanahitajika kwa wingi mwezi unapofifia, na lazima yawe yamejazwa katika usiku za mwezi mpevu, wavuvi wanapopumzika na kushona nyavu. Bei ya jiwe inapanda na kushuka kufuata mwezi. Mwenye ghala hununua mwezi ukiwa mkubwa na kuuza ukiwa umefichama, na hapo ndipo utajiri na madeni ya mji yalipoanzia.

Kuhusu kuni, Mnyanyembe ana haki ya kuniuliza. Vinu vya Rindima vimejengwa juu ya matanuri ya chumvi. Hapa mkoani tunayo Uvinza, ambako chumvi imechemshwa kutoka kwenye chemchemi za maji ya chumvi kwa zaidi ya miaka elfu moja na kusafirishwa mbali. Tanuri la chumvi lazima liwake kwa vyovyote vile, kwa sababu watu watakula chumvi, na sehemu kubwa ya joto lake hupaa na moshi. Kinu cha mvumo kinakamata kile kinachopaa. Wazo hili halijatoka hewani: mradi ulioitwa SCORE, ulioongozwa na Chuo Kikuu cha Nottingham, Uingereza, kuanzia mwaka 2007, ulilenga jiko la kuni ambalo joto lake la ziada lingezaa sauti na sauti ikazaa umeme, kwa ajili ya familia zisizo na umeme.

Mnyanyembe (Tabora)

Nimekusikia, na ni jibu bora kuliko nililotarajia. Lakini usilifanye kuwa kinga. Leo kinu kinakula joto la ziada la chumvi. Kesho mji umezoea baridi na taa, na tanuri litawashwa hata kama ghala la chumvi limejaa, kwa ajili ya mvumo peke yake. Tangu siku hiyo chumvi ndiyo itakuwa taka, na msitu utaanza kurudi nyuma. Usiwaonyeshe Warindima wakiwa na hekima wasiyoweza kuwa nayo. Waweke watu wa msituni katika hadithi, na uwape sababu nzuri ya kukasirika.

Mkaazi wa Bangwe

Nitawaweka. Na chumvi inayomwagwa ziwani usiku ili tanuri lipate kisingizio cha kuendelea kuwaka, nayo nitaiweka. Nakuheshimu kwa hilo, ndugu yangu.

Binti Ujiji

Kaka, bado unanidai jibu. Na nimeongeza swali. Umesema sauti inayosikika ni nguvu inayotoroka. Nani anaishi pale inapotorokea?

Mkaazi wa Bangwe

Dada, nimelifikiria, na nadhani maswali yako mawili ni swali moja.

Mabomba ya kwanza ya Rindima yalikuwa ya mtindo wa Rijke, wazi juu na chini, wavu wa moto ndani. Hayo hulia kwa nguvu, maana sauti inatoka kwa uhuru kwenye mdomo wa bomba. Baadaye mji ukajifunza kuyafunga, na mitaa yenye uwezo ikanunua vinu vipya vilivyofungwa. Vile vya zamani vilihamishiwa mitaa ya chini, karibu na mwalo, ambako watu walielezwa kwamba wamepewa nishati kama wenzao. Walipewa na kelele zake. Mtoto wa huko anakua akiongea kwa kupaza sauti, na akienda mtaa wa juu watu wanamcheka kwa kupaza kwake. Anapofikisha umri wa mama yake, sauti za juu zimeshaanza kumpotea sikioni. Naiona hii kuwa dhuluma kubwa kuliko zote za Rindima, na nataka hadithi iseme hivyo waziwazi, bila kuzunguka.

Kuna kikosi kinachoitwa Wasikizi, kinachotafuta mivujo. Hutembea usiku, na sababu yake mnaijua mkikaa Katonga au Kibirizi: jioni hewa iliyo karibu na maji hupoa kuliko ile iliyo juu zaidi, sauti badala ya kupaa hupindishwa kurudi chini, na mazungumzo ya watu walio mbali ziwani hufika ufukweni yakiwa kamili. Msikizi anapanda mtumbwi, anakaa mbali na mji, na kutoka huko anautambua mvujo hadi mtaa wake. Jambo la kuumiza ni kwamba mvujo wa mtaa wa juu huzibwa kabla ya asubuhi, na ule wa mtaa wa chini huandikwa daftarini.

Sasa kuhusu waimbaji. Sauti ya mtu haina nguvu ya kuendesha kitu, hapo hesabu hainipi nafasi. Lakini inao usahihi. Mabomba mawili yakitofautiana mtetemo mmoja kwa sekunde, mvumo wao wa pamoja huvimba na kunywea mara moja kila sekunde, na yeyote mwenye sikio anaweza kuhesabu. Fundi wa Rindima hana kifaa cha kupimia mitetemo. Ana mwimbaji, anayeshika sauti moja bila kuyumba kwenye mdomo wa bomba dogo la pembeni, huku fundi akisikiliza mapigo yanavyopungua hadi kuisha. Mawe hayajazwi kabla mwimbaji hajakubali. Na waimbaji hodari wanatoka mtaa wa chini, kwa kuwa wao peke yao wameishi ndani ya mvumo tangu kuzaliwa. Mji mzima, pamoja na nyumba za baridi, maghala na taa za wavuvi, unategemea makoo ya watu ambao masikio yao unayaua.

Binti Ujiji

Hapo nimeridhika na kuumia kwa pamoja. Mwimbaji ni kipimo, na anayekishika kipimo anaweza kukataa. Ombi langu ni moja: mhusika mkuu awe mwanamke wa makamo, mwimbaji ambaye ameanza kuhisi kwamba hasikii mapigo kama zamani, na hajamwambia mtu. Msichana mwenye kipaji cha ajabu tumeshamsoma mara nyingi.

Mwalimu Mstaafu, Kasulu

Naunga mkono. Na niongeze tahadhari moja kuhusu ziwa, kwa sababu naona mtumbwi umeingia na waandishi hupenda kuifanya sauti izame majini. Sauti ya hewani ikigonga uso wa maji, karibu yote hurudi. Inayopenya ni kama sehemu moja katika elfu. Hivyo kelele za mtaa wa chini haziwafukuzi samaki. Lakini kinu kikiwekwa mguu wake ndani ya maji, mambo ni tofauti kabisa. Majini sauti hukimbia karibu mita 1,500 kwa sekunde, na katika ziwa lenye urefu wa kilomita 670 hivi kama letu, pigo moja la chuma kwenye ncha moja lingesikika ncha ya pili baada ya dakika saba na nusu. Hewani ingechukua zaidi ya nusu saa, kama ingefika. Siku mtu wa Rindima atakapozamisha bomba, kila mwambao utajua.

Mkaazi wa Bangwe

Mwalimu, hiyo ni sura nzima, na nitaiandika peke yake. Mhusika wa dada Binti Ujiji nampokea kama alivyomweleza.

Fundi wa Gungu

Mkuu, kabla hujaenda mbali, nashauri wanaotaka kuandika kuhusu bomba la Rijke walisikie kwanza. Ni rahisi. Tafuta bomba la chuma la urefu wa mita moja, lililo wazi pande zote mbili, lenye upana wa kuingiza mkono uliokunjwa. Plastiki isitumike, itayeyuka. Kata wavu wa waya, ukunje mara mbili au tatu, uushindilie ndani kwenye robo ya urefu kutoka chini. Simamisha bomba wima kwenye kishikio cha chuma, mahali pa wazi pasipo na majani makavu, upashe wavu kwa moto wa gesi mpaka uwe mwekundu, kisha ondoa moto. Litalia kwa sekunde kadhaa, mpaka wavu upoe. Kabla halijanyamaza, vaa glavu nene na ulilaze: mlio utakatika, kwa sababu hewa ya moto haipandi tena kupita kwenye wavu. Ukilisimamisha mapema, linaanza upya.

Hilo la kulaza nadhani lina kazi katika hadithi. Vinu vya zamani vya mtaa wa chini ni vya mtindo huu, na havina koki. Atakayetaka kukizima itabidi akiangushe au akilaze.

Mkaazi wa Bangwe

Basi vyote vitawekwa juu ya egemeo, na ufunguo wa egemeo utakuwa kwa Wasikizi. Fundi, ukilitengeneza hilo bomba naomba utengeneze mawili, la mita moja na la mita moja na nusu, ili tulinganishe milio yake. Mimi nitaleta wavu na mtungi wa gesi.

Fundi wa Gungu

Chuma ninacho. Jumamosi jioni, uwanja ulio nyuma ya karakana, na kila mtu aje na kitu cha kuziba masikio.